Usiifunike Mikono Inayosema

Fundi cherehani mmoja, kiziwi, ndiye aliyenifundisha kuhariri filamu, ingawa mimi ndiye niliyekwenda kwake nikijidai mtaalamu. Nilimpiga picha siku tatu kibarazani pake, akishona na kusimulia kwa lugha ya alama, mkalimani akiwa pembeni ya kamera na maiki yake. Nilipoketi kwenye kompyuta nikafanya lile ambalo kila mhariri hulifanya mtu anapozungumza kwa muda mrefu: nikamfunika kwa picha nyingine. Anasimulia alivyoachishwa kazi yake ya kwanza, mimi naonesha sindano ikipanda na kushuka, kitenge kikiteleza juu ya meza, uzi mwekundu ukikatwa kwa meno. Sauti ya mkalimani inaendelea chini kwa chini. Nikaona nimepatia.

Siku ya kumwonesha alikuja na wenzake wanne, viziwi pia. Filamu ilipofika kwenye sindano alinyanyua mkono, akauliza jambo. Mkalimani akanigeukia: "Anauliza, mbona hapa umemnyamazisha?"

Sekunde 40 nzima. Mimi nilikuwa nayasikia maneno yake kupitia kinywa cha mtu mwingine. Wao walikuwa wanatazama cherehani. Sikuwa na la kujibu. Nilirudi kwenye kompyuta usiku uleule nikang'oa picha zote za sindano, na filamu haikupungukiwa na kitu.

Wengi wetu tunaotengeneza filamu za hali halisi huona suala la kumfikia kila mtazamaji kama nakshi ya mwisho. Filamu ikishakwisha, na pesa zikibaki, tunabandika maandishi chini na kisanduku cha mkalimani kwenye kona. Ninayokuandikia hapa nimeyapata kwa kukosea, na yote yanaelekea upande mmoja: jambo hili huamuliwa siku ya kupiga picha, pengine hata siku ya kuandika bajeti. Ukishachelewa hapo, kinachobaki ni kutia viraka.

Kabla kamera haijatoka kwenye mkoba

Anza na watu. Nchini Tanzania kuna Shirikisho la Vyama vya Watu wenye Ulemavu (SHIVYAWATA), na ndani yake vyama kama Chama cha Viziwi (CHAVITA), Chama cha Wasioona na Chama cha Watu wenye Ualbino. Nenda, lakini angalia unaomba nini. Ukiingia ofisini kwao ukasema unatafuta mtu mwenye simulizi ya kugusa moyo, watakupa, maana wameshazoea wageni wa namna yako. Omba mtu wa kufanya naye kazi. Omba kijana kiziwi anayependa kamera, au mama asiyeona mwenye sikio kali la sauti. Mlipe kama unavyomlipa mpiga picha wako.

Filamu ya Crip Camp ya mwaka 2020 inaonesha tofauti hiyo. Inahusu kambi ya vijana wenye ulemavu iliyokuwa jimbo la New York, Marekani, na jinsi baadhi yao walivyokuja kuongoza mapambano ya haki zao, hadi kukalia jengo la serikali San Francisco mwaka 1977 kwa zaidi ya siku 20. Mmoja wa waongozaji wake wawili, James LeBrecht, anatumia kiti mwendo na alikuwa kijana wa kambi hiyo. Picha nyingi za kambini zilipigwa mwaka 1971 na kundi la wapiga video ambalo halikuona taabu kuwaachia vijana wenyewe kamera. Tazama wanavyotaniana, wanavyovuta sigara, wanavyotongozana. Mgeni aliyekuja na huruma yake asingeoneshwa hayo.

Kwenye bajeti, andika mambo haya mapema, kwa jina na kwa shilingi. Wakalimani wa lugha ya alama wawili, si mmoja, kwa sababu baada ya dakika 20 hadi 30 za kutafsiri mfululizo akili huchoka na tafsiri hulegea, lazima wapokezane. Nauli na posho ya msindikizaji wa mtu asiyeona. Bajaji kwa mwenye kiti mwendo, tena bajaji ambayo dereva wake umeshakubaliana naye kwamba atasubiri. Chumba tulivu cha kurekodia maelezo ya sauti. Mfadhili akiuliza kwa nini gharama ya wakalimani imezidi ya taa, mwambie taa unaweza kuazima.

Kibali cha Bodi ya Filamu na barua ya serikali ya mtaa unavijua, sitakaa hapo. Idhini ya mhusika ndiyo inayotaka subira. Karatasi ya kurasa mbili iliyojaa lugha ya kisheria haimsaidii asiyeona, wala kiziwi ambaye Kiswahili cha maandishi kwake ni lugha ya pili. Msomee asiyeona maneno yote, kisha arudie kwa maneno yake mwenyewe alivyoelewa, na umrekodi. Kwa kiziwi, idhini ipigwe video kwa lugha ya alama. Taja wazi filamu itaoneshwa wapi: ukumbini, kwenye runinga, kwenye simu za watu. Wapo wanaokubali ukumbini na kukataa simu, na wana sababu zao.

Halafu maneno. Lugha yetu yenyewe ina mitego: kiziwi, kipofu, kiwete, kilema, yote kwa umbo yameangukia ngeli moja na kiti na kisu, na wapo wanaosema hilo peke yake latosha kuyaacha. Lakini viziwi wenyewe wamekiita chama chao Chama cha Viziwi, na hawaoni haya. Zeruzeru ni tusi, liache kabisa. Sema mtu mwenye ualbino. Bubu, kwa mtu anayeongea kwa mikono kutwa nzima, ni uongo. Njia rahisi ni kumuuliza mwenyewe anapenda aitweje, na hilo ndilo uliandike chini ya jina lake kwenye skrini.

Siku ya kupiga picha

Tuanze na mikono, maana ndiko nilikoumia. Anayesema kwa lugha ya alama apigwe kuanzia juu kidogo ya kichwa hadi chini ya kiuno, na viwiko viachiwe nafasi pande zote mbili. Zile sura za karibu tunazozipenda, jicho na machozi, zitamkata maneno. Avae nguo ya rangi moja inayoachana na rangi ya ngozi yake. Kitenge chenye maua makubwa kinameza vidole. Kama unapiga kwa fremu 25 kwa sekunde, kasi ya shata ya kawaida ya 1/50 huacha vidole vikiwa na ukungu pale mikono inapokwenda mbio. Panda hadi 1/100. Umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo taa za ndani hazitapepesa.

Mkalimani akae ubavuni mwa lenzi, nawe keti karibu naye, ili macho ya anayehojiwa yasiende mbali na kamera. Mwangalie yeye unapouliza, si mkalimani. "Mwambie atueleze alizaliwa wapi" ni kumfanya mtu hayupo naye yuko mbele yako. Mpe mkalimani maiki yake. Na kama unaweza kuazima kamera ya pili, iweke upande, nayo pia ione mikono. Hiyo ndiyo itakayokuokoa wakati wa kuhariri: ukitaka kubadilisha picha, unaruka kutoka mikono hadi mikono.

Mtu mwenye ualbino ni somo jingine, la mwanga. Wengi wao hawaoni mbali, macho yao huumizwa na mwanga mkali, na mara nyingi huchezacheza bila wao kutaka. Usimwelekezee taa usoni. Usimrudishie jua kwa ubao mweupe. Mpeleke kivulini, chini ya mwembe au kwenye baraza pana, asubuhi kabla ya saa tatu au jioni baada ya saa kumi, na kofia yake aiache kichwani kama anaitaka. Kamera ya simu ikiachwa ijipimie mwanga yenyewe mbele ya ukuta wa giza, itamgeuza uso kuwa karatasi nyeupe. Gusa uso wake kwenye skrini, shikilia mpaka mwanga ufungwe, kisha ushushe taratibu hadi uone mashavu na mikunjo ya kicheko. Anayestahili kuonekana na mikunjo yake ataonekana.

Lipo pia la usalama, na hapa sina mzaha. Watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo katika nchi hii kwa sababu ya ushirikina. Usioneshe njia ya kwenda nyumbani kwa mtoto, wala kibao cha shule yake, wala usitaje kijiji. Picha yenye jina la mahali kwenye faili la simu yako ikifutwa jina kabla ya kusambazwa, hakuna kinachopungua.

Kwa mwenye kiti mwendo, teremsha kamera. Ukipiga umesimama, unamtazama kwa juu kama mtoto, na mtazamaji naye atamtazama hivyohivyo. Stendi ishuke hadi usawa wa macho yake. Usiguse kiti chake bila ruhusa, hata kama kimekaa vibaya kwenye fremu. Hicho ni sehemu ya mwili wake. Na kabla ya kumwita mahali, nenda mwenyewe ukakague choo. Watu wanaacha kunywa maji siku nzima kwa ajili ya filamu yako nawe hujui.

Sasa swali gumu zaidi: upige nini? Filamu nyingi za namna hii zina sura mbili tu. Ya kwanza ni ya masikitiko, yenye kinanda cha huzuni na mwendo wa polepole. Ya pili ni ya shujaa, ambaye "pamoja na ulemavu wake" amefanikiwa. Binafsi zote mbili zimenichosha, kwa sababu zote mbili zinaelekeza kamera kwenye miguu ilhali tatizo liko kwenye ngazi. Nenda na mhusika wako kituo cha daladala. Kaa naye. Weka kamera usawa wa macho yake, uache izunguke saa nzima. Daladala ya kwanza inapita bila kupunguza mwendo. Ya pili inasimama mbele kidogo, konda anachungulia, anaona kiti, anagonga bodi mara mbili, gari linaondoka. Ya tatu konda anasema kiti kitalipiwa nauli yake. Usiongeze muziki wala maelezo. Na unapohariri, usiubane ule muda wa kusubiri. Mwache mtazamaji naye achoke.

Kuna namna nyingine ya kukwepa hizo sura mbili: mpe mhusika kazi ya kuuliza. Katika In the Shadow of the Sun ya mwaka 2012, mwongozaji Harry Freeland alimfuata Mtanzania Josephat Torner, mwanaharakati mwenye ualbino, kwa muda wa miaka 6. Torner haketi kuhojiwa tu kuhusu mateso yake. Anakwenda vijijini kukutana ana kwa ana na watu walioaminishwa kwamba viungo vyake ni mali, na kuwauliza. Kamera inafuata maswali yake.

Chumba cha kuhariri

Sauti ya mkalimani huwa nyuma ya mikono kwa sekunde mbili tatu. Hili mhariri anayesikia halioni. Anakata pale sauti inapoishia, kumbe mikono imeshaanza sentensi nyingine na imekatwa katikati ya neno. Dawa ni moja: mketishe kiziwi kando yako wakati wa kukata. Zima spika, mwache yeye akuoneshe mwanzo na mwisho wa kila sentensi. Ni kazi ya siku mbili, na ilipe.

Maandishi ya chini yana hesabu yake. Mistari miwili, isizidi, na kila mstari usipite herufi 40 hivi. Kiswahili kina maneno marefu: "hawakunisikiliza" peke yake lina herufi 16, na jicho linalisoma kama sentensi nzima, kwa sababu ni sentensi nzima. Basi maandishi yakae muda wa kutosha. Mistari miwili iliyojaa huhitaji sekunde 5 au 6. Usikate mstari baada ya "ya", "wa" au "na". Tumia herufi nyeupe juu ya utepe mweusi, si juu ya picha tupu, maana kanzu na mchanga wa pwani vitazimeza. Andika na sauti zisizo za maneno: [adhana kwa mbali], [mlango unabamizwa], [anacheka]. Hiyo ya kucheka ni muhimu kuliko unavyodhani, hasa anayecheka akiwa nje ya fremu.

Maandishi hata hivyo hayachukui nafasi ya mkalimani. Viziwi wengi hawakupata shule yenye lugha yao, na kusoma haraka kwenye skrini kunawashinda. Weka mkalimani upande wa kulia, asiwe chini ya sehemu moja ya sita ya picha. Hicho ndicho kipimo wanachotumia Waingereza kwenye runinga, na ukienda chini ya hapo vidole vinakuwa njiti za kiberiti. Ukijua tangu mwanzo kwamba mkalimani atakaa kulia, utapiga picha zako ukiiacha kona hiyo wazi. Ukisahau, atasimama juu ya uso wa mtu.

Kwa wasioona, wenye filamu wengi hudhani maelezo ya sauti ni teknolojia ya Ulaya. Tunayo siku zote! Sisi tumelelewa na redio. Mtangazaji wa mpira anakueleza nani ana mpira, yuko upande gani, amebaki na nani, na wewe uliyelala chali kitandani unamwona beki anateleza. Tumekaa pia kwenye vibanda umiza tukimsikiliza Lufufu akitusimulia sinema za Kihindi na za Kichina kwa Kiswahili, na Kenya wana DJ Afro wao. Hao walikuwa wanawasimulia wanaoona, lakini ufundi ni uleule, isipokuwa kwa jambo moja: wao hupenda kuongea juu ya kila kitu, wewe unatakiwa uingie kwenye nafasi za kimya peke yake. Mtu anapozungumza, nyamaza.

Sema unachokiona, kwa wakati uliopo, kwa ufupi. "Anasimama mlangoni. Amevaa kanga nyekundu. Anatazama barabarani, kisha anarudi ndani." Usiseme amehuzunika, sema amekunja mikono kifuani, msikilizaji atajaza mwenyewe. Rangi zitaje, wapo waliowahi kuona na wanazikumbuka. Rekodi usiku, ndani ya chumba chenye godoro lililoegemezwa ukutani, mbali na jokofu.

Lakini filamu iliyopigwa vizuri huhitaji maelezo machache. Ukimrekodi mpishi, acha sekunde 10 za kitunguu kikiingia kwenye mafuta kabla ya mtu kusema lolote. Muulize mvuvi, "Hapo unafunga nini?" naye atajieleza mwenyewe kwa kinywa chake. Kipimo changu ni hiki: nazima skrini, namwekea rafiki yangu asiyeona filamu nzima, kisha namwomba anisimulie. Anapokwama, hapo ndipo nilipotegemea macho yake.

Kuonesha

Wa kwanza kuiona wawe waliopigwa. Mwaka 1967 Colin Low wa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada alipiga filamu fupi fupi kisiwani Fogo, Newfoundland, ambako serikali ilikuwa inafikiria kuwahamisha wavuvi. Aliwaonesha wanakisiwa wenyewe kwanza, kijiji kwa kijiji, nao wakasikiana waliyokuwa hawaambiani uso kwa uso, kabla ya viongozi kuoneshwa. Fanya hivyo, na uwe tayari kuondoa kitu mtu akisema kimemdhalilisha. Utasikitikia baadhi ya picha. Ziage.

Baada yao, wapelekee wenye kauli: madiwani, wakuu wa shule, wamiliki wa daladala. Kipande cha dakika 10 kinatosha, maana diwani hatakaa saa nzima. Ukiulizwa kwa nini ukumbi wa halmashauri utumike kwa jambo hili, jibu kwamba Tanzania iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu wenye Ulemavu mwaka 2009, na kifungu cha 30 kinataja filamu waziwazi. Mwaka uliofuata tukapata Sheria ya Watu wenye Ulemavu, Na. 9 ya 2010. Beba nakala.

Ukumbi wenyewe ukague siku moja kabla, ukiwa na futi ya fundi. Njia ya mteremko inataka urefu mara 12 ya kimo cha ngazi: kidato cha sentimita 20 kinahitaji mita 2.4 za mbao. Ubao wa mita moja uliolazwa pale ni mtego, kiti kitapinduka. Viti vya mbele usivipange vyote. Acha nafasi mbili tatu katikati ya safu, si pembeni kabisa wala nyuma mlangoni, ili mwenye kiti mwendo akae na mkewe au rafiki zake. Wasioona waketi mbali na jenereta.

Kisha giza. Mara yangu ya kwanza kuonesha uwanjani usiku, filamu ilienda vizuri, watu wakapiga makofi, mjadala ukaanza palepale skrini ikiwa imezimwa. Wanaosikia wakauliza maswali yao, wakajibiwa, wakacheka. Viziwi 12 waliokuwa safu ya pili walikuwa wanatazama weusi mtupu, na mkalimani amesimama mbele yao akifanya kazi ambayo hakuna aliyeiona. Mmoja wao akawasha tochi ya simu, akammulika. Wenzake nao wakawasha, na mjadala ukaendelea hivyo, mkalimani akiwa ndani ya duara la tochi, akikunja macho.

Siku hizi nabeba taa mbili za betri. Moja ni ya mkalimani. Nyingine huning'inizwa juu ya watazamaji, kwa sababu kiziwi anapouliza swali, mikono yake nayo lazima ionekane hadi mbele.